Kofia ya Stephenson, mabao ya Kibadeni

Wiki ya dabi ya Kariakoo ikifika, mpira hauchezwi Kariakoo peke yake. Unachezwa pia Mikocheni, studioni. Radio One na East Africa Radio ziko huku, Clouds FM iko huku, na jioni vipindi vya michezo vinapopishana hewani, simu humiminika kutoka Temeke, Mbagala, Manzese na Tandika. Kwenye vijiwe vya bodaboda kando ya Barabara ya Mwai Kibaki, ambayo wengi bado wanaijua kama Bagamoyo ya zamani, redio huwekwa juu ya benchi, sauti ikafunguliwa mpaka mwisho, na ubishi ukaanza hata kabla mchambuzi hajamaliza sentensi. Kipindi hakiishi bila mtu mmoja kulitaja jina la Abdallah Kibadeni.

Wengi wanaomtaja hawakuwa wamezaliwa alipokuwa akicheza. Wanamjua kwa siku moja: Julai 19, 1977, Simba ilipoifunga Yanga mabao 6-0. Matatu kati ya hayo yalikuwa yake, na hadi leo yeye ndiye anayetambuliwa kuwa mchezaji pekee aliyepiga hetriki katika dabi hiyo. Magazeti mengine huandika hat-trick kama ilivyo kwa Kiingereza, mengine hat-triki. Mdomoni mwa shabiki wa Tandika ni hetriki, basi.

Mechi yenyewe inafaa kutazamwa kwa saa. Dakika ya 10 Kibadeni akafungua hesabu. Dakika ya 20 beki wa Yanga akajifunga. Dakika ya 42 Kibadeni akarudi tena, timu zikaenda mapumziko Simba ikiwa na tatu. Kipindi cha pili Jumanne Hassan, maarufu Masimenti, akafunga dakika ya 60 na ya 73. Ikabaki dakika moja tu dakika tisini zitimie, watu wengine wa Jangwani, yaani wa Yanga, wakiwa wameshashika njia ya nyumbani, Kibadeni akatia la sita. La sita kwa Simba, la tatu kwake.

Ugumu wa jambo lile unaonekana vizuri zaidi ukizitazama dabi nyingine zilizoisha kwa mabao mengi. Juni 1, 1968, Yanga iliifunga Simba, wakati huo ikiitwa Sunderland, mabao 5-0. Maulid Dilunga alifunga mawili, Salehe Zimbwe mawili, Kitwana Manara moja. Mei 6, 2012 zamu ikawa ya Simba, tano bila, na Emmanuel Okwi akaishia mawili. Novemba 5, 2023 Yanga ikashinda 5-1, Maxi Nzengeli akaishia mawili. Masimenti mwenyewe, siku ileile ya Kibadeni, mawili. Utadhani kuna mlinzi wa zamu anayekaa kati ya bao la pili na la tatu, na mwaka 1977 alimwachia mtu mmoja tu.

Lakini kuna kitu hapo ambacho wabishi wa kijiweni hawakiulizi sana. Mabao ya Kibadeni hayakufuatana. Kati ya la kwanza na la pili kuna lile la kujifunga. Kati ya la pili na la tatu yapo mawili ya Masimenti. Kwa sheria za mahali hetriki ilikozaliwa, mabao yale yasingeitwa hivyo.

Ilizaliwa kwenye kriketi. Mwaka 1858, mjini Sheffield, kaskazini mwa Uingereza, timu ya kulipwa iliyojulikana kama All-England Eleven ilikuwa ikicheza katika uwanja wa Hyde Park. Mrushaji wao mmoja, H. H. Stephenson, aliwatoa wapigaji watatu kwa mipira mitatu iliyofuatana. Asiyeifuatilia kriketi anahitaji maelezo kidogo hapa. Mrushaji hupewa mipira sita kwa zamu siku hizi. Enzi za Stephenson zamu ilikuwa na mipira minne. Kazi yake ni kumtoa mpigaji, ama kwa kuviangusha vijiti vilivyo nyuma yake, ama kwa kumfanya aupige mpira hewani ukadakwa, ama kwa njia nyingine chache. Mpigaji akitoka, anaingia mwingine mwenye mikono mibichi na macho ambayo bado hayajazoea mwanga wa uwanja. Kumtoa mmoja ni kazi nzuri. Kumtoa wa pili kwa mpira unaofuata kunawainua watu kwenye viti. Kumtoa wa tatu papo hapo ni jambo ambalo mrushaji mzuri anaweza kumaliza maisha yake ya mchezo bila kulipata.

Watazamaji wa Sheffield walichangishana fedha, wakamnunulia Stephenson kofia. Hivyo ndivyo inavyosimuliwa asili ya jina lenyewe: hila iliyomletea mtu kofia. Miaka michache baadaye, katika muongo wa 1860, neno likawa limeshaingia magazetini. Stephenson naye aliendelea na shughuli zake; ndiye aliyeiongoza timu ya kwanza ya Uingereza kwenda kucheza Australia, msimu wa 1861 na 1862. Kofia imemzidi umaarufu.

Dar es Salaam si ngeni kwa mchezo huo. Uwanja wa Gymkhana upo katikati ya jiji, na uwanja wa Chuo Kikuu, si mbali sana na Mikocheni kwa anayepitia Mwenge, umekwishapokea mechi za kimataifa. Mwaka 1975 Tanzania, Kenya, Uganda na Zambia ziliunganisha wachezaji wao wakaenda Kombe la Dunia la kwanza kabisa la kriketi kwa jina la Afrika Mashariki, nahodha akiwa Harilal Shah. Walicheza na New Zealand, India na Uingereza, wakafungwa zote tatu. Nayo ni hetriki, mtani angesema.

Kisa kinachofaa zaidi, hata hivyo, ni cha Wakenya. Kombe la Dunia la mwaka 2003 ndilo lililoifikisha Kenya nusu fainali, jambo ambalo hakuna aliyelitabiri. Machi 15, mjini Durban, walikutana na Australia, mabingwa wa dunia. Brett Lee, mrushaji mwenye kasi ya kutisha, aliwatoa Kennedy Otieno, Brijal Patel na David Obuya kwa mipira mitatu mfululizo. Hetriki ya kitabuni, kama ile ya Sheffield, tena kwenye jukwaa kubwa kuliko yote.

Kenya ilijikongoja, Steve Tikolo akiwa nguzo, ikafikisha mikimbio 174. Australia ilipoingia kupiga, ilikuwa ikienda mbio kama ilivyozoea, mpaka mpira akapewa Aasif Karim. Huyu alikuwa mtu wa Mombasa, nahodha wa zamani, alishastaafu akaombwa kurudi. Harushi kwa nguvu. Anauzungusha mpira polepole, mpigaji anauona kabisa unavyokuja na bado hajui utakakoelekea. Akamtoa nahodha Ricky Ponting. Akamtoa Darren Lehmann. Akamtoa Brad Hogg. Alirusha zamu nane na mipira miwili, na katika hizo zamu sita hazikutoa hata mkimbio mmoja. Jumla aliruhusu mikimbio saba tu. Australia ilishinda, lakini mchezaji bora wa mechi alikuwa Karim.

Siku moja, uwanja mmoja, watu wawili wamewatoa wapigaji watatu watatu. Mmoja kazi yake ina jina linalojulikana duniani kote kwa sababu mipira yake ilifuatana. Mwingine hana jina hata la kubahatisha, kwa sababu kati ya mpigaji na mpigaji kulipita mipira mingine. Anayeitazama mechi ile kwa haki angempa Karim kofia mbili.

Kutoka kriketi jina likahamia kwenye michezo mingine, na njiani likapunguziwa masharti. Kwenye mpira wa miguu mtu hawezi kupewa mipira mitatu ya kufuatana agonge goli. Mchezo hauendi hivyo. Kwa hiyo Waingereza wakaacha sharti la kufuatana, wakabaki na hesabu: mabao matatu, mchezaji mmoja, mechi moja. Dakika ya kwanza, ya 50 na ya 90, sawa tu. Kwa penalti, sawa. Kwa mpira uliomgonga mtu goti ukaingia, sawa, mradi refa ameandika jina lake.

Wajerumani hawakuridhika. Kwao, kwa desturi ya zamani, hetriki kamili ni mabao matatu ya mtu mmoja katika kipindi kimoja, bila mtu mwingine yeyote, wa timu yake au wa wapinzani, kufunga katikati. Kuna utani mzuri wa historia ndani yake. Mwaka 1966, Wembley, Geoff Hurst wa Uingereza aliifunga Ujerumani Magharibi mabao matatu katika fainali ya Kombe la Dunia, mtu wa kwanza kufanya hivyo. Aliyafunga dakika ya 18, ya 101 na ya 120. Katikati walifunga Martin Peters wa Uingereza na Wolfgang Weber wa Ujerumani. Kwa kipimo cha Kijerumani, basi, Hurst hakuwapiga Wajerumani hetriki. Sidhani kama iliwapunguzia machungu. Kylian Mbappé naye, fainali ya 2022 kule Qatar, alifunga dakika ya 80 na 81, Lionel Messi akaingilia dakika ya 108, Mbappé akamalizia dakika ya 118. Naye angeambiwa hapana. Kwa hiyo Kibadeni yuko katika kundi zuri.

Wapo pia wanaodai kwamba hetriki iliyokamilika ni ya mguu wa kulia, mguu wa kushoto na kichwa. Hiyo ni mapambo ya wachambuzi wenye muda mwingi hewani.

Kiswahili cha mpira kilifanya jambo la busara bila kikao chochote. Kiligawa kazi. Hetriki ikachukua hesabu peke yake, na suala la kufuatana likaachiwa neno ambalo lilikuwepo siku zote: mfululizo. Mshambuliaji amefunga hetriki; timu imeshinda mechi tatu mfululizo. Mtangazaji akitaka yote mawili, anasema hetriki katika mechi mbili mfululizo, na hakuna msikilizaji anayebabaika. Kwa upande wa mabao mawili lugha haikujisumbua. Waingereza wana neno lao walilolitoa kwenye uwindaji wa ndege. Mswahili anasema amefunga mawili, amemaliza.

Redio ina sehemu kubwa katika mgawanyo huo. Wakati ambapo televisheni haikuwepo Tanzania Bara, mpira wa nchi nzima ulionwa kwa masikio kupitia Redio Tanzania Dar es Salaam. Msikilizaji wa Kigoma hakuwa na ubao wa matokeo wa kutazama. Mtangazaji kama Ahmed Jongo alilazimika kubeba hesabu mbili kichwani kwa wakati mmoja, ya timu na ya mchezaji, na kuzirudia kila baada ya dakika chache kwa ajili ya aliyechelewa kuwasha redio: ni bao la nne kwa timu, la pili kwa mfungaji, dakika ya ngapi, nani alitoa pasi. Katika hesabu za namna hiyo neno moja linalobeba mabao matatu ya mtu mmoja ni msaada mkubwa. Linaokoa pumzi.

Charles Hilary alitoka katika shule hiyo. Alianzia Redio Tanzania, na Radio One ilipoanzishwa mwaka 1994 akawa miongoni mwa waliohamia Mikocheni, kabla ya kwenda Deutsche Welle, kisha BBC, kisha kurudi nyumbani Azam. Alifariki Mei 2025 akiwa msemaji wa Serikali ya Mapinduzi Zanzibar. Waliomsikiliza wanakumbuka jinsi alivyokuwa hapandishi sauti mpaka bao liingie kweli. Watangazaji wa redio za leo wana mwendo mwingine. Sauti inapanda tangu kona inapotengwa, na bao likiingia hakuna tena pa kwenda. Kila zama na watu wake, ingawa masikio ya wazee wa Kinondoni yana maoni yao.

Redio za binafsi ndizo zilizoivisha hetriki nguo za nyumbani. Mtu hafungi tu hetriki siku hizi. Anaipiga, anaishusha, anaitupia, anaondoka na mpira wake. Hilo la mwisho si mafumbo: mfungaji wa mabao matatu hukabidhiwa mpira uliotumika, na picha ya mchezaji aliyeukumbatia, umesainiwa na wenzake kwa kalamu nyeusi, ndiyo inayofungua kurasa za michezo asubuhi.

Picha hizo zimekuwa nyingi. Machi 18, 2023, Clatous Chama aliondoka na mpira Simba ilipoifunga Horoya ya Guinea 7-0 katika Ligi ya Mabingwa Afrika. Oktoba 2023 Stephane Aziz Ki alifunga yote matatu Yanga ilipoishinda Azam 3-2, na bila hayo Yanga ingekuwa imelala. Desemba 2022 Simba iliipiga Tanzania Prisons 7-1, John Bocco akafunga matatu na Saidi Ntibazonkiza matatu. Hapo hesabu ya mtangazaji inakuwa na mitego kidogo, na ya mgawaji wa mpira zaidi.

Nje ya nchi, Mbwana Samatta aliifungia Genk mabao matatu dhidi ya Brøndby, Agosti 2018, katika mechi ya kuwania kuingia Ligi ya Europa, na bodaboda wa Mbagala alikotokea Samatta walikuwa na cha kusema wiki nzima. Miezi saba kabla yake, Januari 2018, Mkenya Michael Olunga alitokea benchi akaifungia Girona matatu dhidi ya Las Palmas katika ligi kuu ya Hispania. Olunga huyohuyo mwaka uliofuata, kule Japani, aliifungia Kashiwa Reysol mabao manane katika mechi moja iliyoisha 13-1. Mabao manane hayana jina. Ukisema ni hetriki mbili na salio la mabao mawili, unaongea kama mhasibu.

Kadiri mabao yanavyoongezeka ndivyo Kiswahili cha Dar kinavyoacha kukopa na kuanza kubuni. Tano ni mkono. Ni kono la nyani, kwa wenye nia ya kuumiza. Novemba 2023, baada ya ile 5-1, ikawa khamsa, kwa Kiarabu ambacho pwani inakijua tangu madrasa, na vidole vitano vikanyanyuliwa kwenye madirisha ya daladala kutoka Mbezi hadi Gongo la Mboto. Dereva wa Simba hakuwa na haja ya kuuliza abiria anaaga au anatukana. Nazo tano zikazaa nyingine: Yanga iliendelea kuishinda Simba Aprili 2024, Agosti 2024 katika Ngao ya Jamii, Oktoba 2024 na Juni 25, 2025. Hizo zikawa mechi tano kwa mpigo, na shabiki wa Yanga alipoinua mkono ilibidi umuulize anahesabu mabao ama mechi.

Ubingwa nao una lugha yake. Ndoo, mwali, taji. Kutetea, kubeba, kubeba jumla. Yanga ilitwaa ubingwa mara tano mfululizo, kuanzia 1968 hadi 1972. Simba ikajibu na tano zake, 1976 hadi 1980, ambamo umo ule mwaka wa mabao sita. Katika karne hii Simba iliuchukua mara nne mfululizo, 2017/18 hadi 2020/21, na Yanga ikageuza meza kwa nne zake, 2021/22 hadi 2024/25. Watangazaji wengine huita ubingwa wa tatu wa mfululizo hetriki ya ubingwa, na hapo neno, baada ya safari ndefu, linarudi kwenye maana yake ya Sheffield: vitatu, tena vilivyofuatana.

Wazo la kubeba jumla linatoka kwenye desturi ya zamani ya makombe, kwamba ukishinda mara tatu kombe linakuwa mali yako. Brazil ilibeba jumla Kombe la Jules Rimet mwaka 1970, likaja kuibwa Rio de Janeiro mwaka 1983. Ghana ilibeba jumla kombe la kwanza la Mataifa ya Afrika mwaka 1978, Cameroon la pili mwaka 2000. Hakuna hata moja kati ya nchi hizo tatu iliyoshinda mara zake tatu kwa kufuatana. Waliofuatanisha ni Misri ya kocha Hassan Shehata: 2006, 2008, 2010.

Marekani walifika mbali zaidi, wakalifanya neno mali ya mtu. Los Angeles Lakers walipokuwa wametwaa ubingwa wa kikapu mwaka 1987 na 1988, wachezaji walianza kulitamka neno lililounganishwa kutoka tatu na kurudia, yaani three-peat. Kocha wao, Pat Riley, akaenda kulisajili kama alama ya biashara, ili atakayelichapa kwenye fulana amlipe. Lakers wakafungwa fainali ya 1989 na Detroit. Neno likakaa bila kazi mpaka Chicago Bulls ya Michael Jordan ilipotwaa ubingwa wa 1991, 1992 na 1993, na fulana zikauzwa. Fikiria kama mtu wa Msimbazi angelisajili kono la nyani.

Kuna neno jingine la mfululizo ambalo Dar imelikopa likaota mizizi haraka: anbiteni. Yanga ilipofungwa na Azam, Aprili 25, 2021, ikaanza kipindi ambacho haikupoteza mechi ya ligi. Kwanza watu hawakuhesabu. Ilipopita ishirini wakaanza. Ilipopita arobaini, anbiteni ikawa kama mtu: ana afya gani, atafika lini hamsini, nani atamuua. Novemba 29, 2022, katika uwanja wa Highland Estates, Mbarali, Ihefu wakaifunga Yanga 2-1. Hesabu ikasimama kwenye 49. Arsenal ya Arsène Wenger nayo ilisimama kwenye 49, Oktoba 2004, ilipofungwa na Manchester United, na mashabiki wa Yanga waliopenda Arsenal wakajikuta na majonzi ya namna moja mara mbili.

Anbiteni, tofauti na ushindi mfululizo, inaruhusu sare. Arsenal katika zile 49 ilitoka sare mechi 13. Ni kutofungwa, si kushinda, na mashabiki wa Simba hawakuchelewa kulisema hilo hewani kila jioni. Azam nao waliwahi kutwaa ubingwa wa 2013/14 bila kupoteza mechi, Simba vilevile 2009/10, lakini enzi hizo neno halikuwa mdomoni mwa watu. Walisema tu timu haijafungwa.

Nje ya mpira wa miguu, Afrika Mashariki ina mifululizo mizito zaidi. Faith Kipyegon wa Kenya ametwaa dhahabu ya Olimpiki ya mita 1500 mara tatu, Rio, Tokyo na Paris. Ezekiel Kemboi alishinda mbio za kuruka viunzi na maji za mashindano ya dunia mara nne, 2009 hadi 2015. Redio za Nairobi huyaita mafanikio hayo hetriki bila kusita, ingawa kati ya mashindano na mashindano inapita miaka mizima na mwanariadha anakimbia kwingine, anashindwa kwingine, anajifungua mtoto na kurudi, kama Kipyegon alivyofanya kati ya Rio na Tokyo.

Hapo ndipo anapoingia Juma Ikangaa. Mwanajeshi huyu wa Tanzania alimaliza wa pili katika marathoni ya Boston mwaka 1988, sekunde moja tu nyuma ya Ibrahim Hussein wa Kenya. Mwaka 1989 akawa wa pili tena, nyuma ya Abebe Mekonnen wa Ethiopia. Mwaka 1990 wa pili kwa mara ya tatu, nyuma ya Gelindo Bordin wa Italia. Wapinzani watatu wa nchi tatu, na mtu wa pili yuleyule. Hakuna kofia kwa kazi hiyo, ijapokuwa mrushaji yeyote wa kriketi angekubali kwamba kuirudia ni ngumu kuliko inavyosikika.

Mwenye kubisha kwa kipimo cha Kijerumani atasema mfululizo huo una dosari, kwani kati ya Boston ya pili na ya tatu kuna kitu kimeingilia. Novemba 1989 Ikangaa alikimbia marathoni ya New York. Akaongoza, akawaacha, akashinda kwa saa 2, dakika 8 na sekunde 1, muda ambao haukuwahi kukimbiwa katika njia ile.